Somo Ambalo Ubaldo Hakulifikia

Ubaldo alitoka seminari kuu na vitu viwili, sanduku la bati na daftari la Historia ya Kanisa. Sanduku lililiwa na kutu zamani. Baba yake alikuwa amefariki, mama amebaki peke yake na shamba huku Kasokola, kijana akaambiwa arudi. Akarudi, akamwoa Scolastica, akawa katekista wa kigango, kanisa dogo la kijiji chini ya parokia. Mwaka wa thelathini na tisa huu anaongoza ibada za Jumapili ambazo padri hafiki, na padri hufika mara moja kwa mwezi, barabara ikikubali.

Alichokipenda zaidi katika daftari lile ni ukurasa wa mwisho, Mtaguso wa Konstansi. Aliwasimulia wanakwaya mpaka wakawa wanamkwepa. Zamani hizo Mapapa walikuwa watatu kwa wakati mmoja, kila mmoja anawatenga wenzake, Wakristo hawajui wamfuate yupi. Maaskofu wakakaa kikao, wakatamka mwaka 1415 kwamba mtaguso umepewa mamlaka na Kristo mwenyewe, na hata Papa sharti autii. Wawili wakavuliwa, mmoja akajiuzulu, akachaguliwa mpya, mmoja kwa wote. "Kikao kiliwashinda Mapapa," Ubaldo alimalizia, uso umemng'aa. Mtu akikaa na daftari moja miaka arobaini, mwishowe hulisoma kama barua aliyoandikiwa yeye.

Mwaka jana Scolastica alipata kiharusi, mkono na mguu wa kushoto vikafa. Nyumba yao iko hatua arobaini tu kutoka kanisani, basi Ubaldo akasogeza kitanda dirishani. Mkewe akawa anasali akiwa amelala, anaitikia kila sala, na padri akija anavuka uwanja kumletea komunyo. Katika wiki nzima hakuwa na kingine cha kungojea.

Ndipo akaja paroko mpya, Padri Silvester, akatangaza kwamba kigango kinahamia kando ya barabara ya lami, kilomita tisa, kiunganishwe na cha huko. Halmashauri ya walei, waumini wenyewe, ikaketi. Kumi na tisa walisema kigango kibaki, wawili wakasema wamfuate padri. Padri akausikiliza muhtasari mpaka mwisho, akasema bila hasira, "Halmashauri inashauri, ndugu zangu. Haiamui."

Hapo ndipo daftari lilipomponza Ubaldo. Alimwandikia Baba Askofu kurasa tatu, Konstansi yote imo, na habari ya mkewe akaiweka mistari miwili ya mwisho, maana aliona haya kuanza nayo. Na kwa kuwa alilelewa vizuri, juu ya barua aliandika "Kupitia kwa Paroko", kisha akaipeleka mwenyewe kwa baiskeli. Unamlalamikia mtu, halafu unamkabidhi yeye huyo malalamiko ayafikishe. Lakini ndivyo barua za kwenda kwa wakubwa zinavyoandikwa kwetu, na Ubaldo hakuwahi kuruka ngazi hata moja maishani mwake.

Baada ya wiki aliitwa parokiani. Barua ilikuwa mezani, kando ya chupa ya chai.

"Mzee katekista, seminari ulisoma mpaka wapi?" Padri aliuliza.

"Mpaka Konstansi, Padri. Wiki iliyofuata nikaitwa nyumbani, msiba wa baba."

"Wiki iliyofuata ndiyo ilikuwa na somo lenyewe." Padri alimmiminia chai kwanza. "Mwaka 1460 Papa Pio wa Pili alipiga marufuku mtu kukata rufaa kwa mtaguso dhidi ya Papa. Ukikata, unatengwa. Na Mtaguso wa Kwanza wa Vatikano ukaja kufunga mjadala wote, neno la mwisho ni la Papa."

"Hata kama kikao kizima kimekubaliana?"

"Hata kikao kizima. Baba Askofu nimeongea naye kwa simu. Amesema nyie wa huku mnisikilize mimi."

"Na mke wangu, Padri?"

"Nitampelekea komunyo nikipata nafasi. Vigango ni kumi na vinne, mzee wangu, na mimi niko peke yangu."

Ilikuwa kweli, na hilo ndilo lililomuuma Ubaldo kuliko yote, kwamba hakupata hata mtu wa kumchukia. Alirudi akikokota baiskeli. Aliona aibu. Miaka yote hiyo alikuwa akiwafundisha watu nusu ya somo.

Jumamosi trekta lilikuja likabeba mabenchi na mlango wa kanisa. Rimu la gari lililokuwa kengele likafunguliwa mtini, nalo likapakiwa.

Jumapili asubuhi Scolastica alikuwa ameshaogeshwa na kufungwa kitambaa kichwani. "Baba Elia, mbona hawajagonga kengele?"

Ubaldo alikuwa amemweleza mara mbili kwamba kigango kimehama. Hakuwa na nguvu ya mara ya tatu.

"Wamechelewa," alisema.

"Basi nifungulie dirisha."

Akalifungua. Mbele yao kulikuwa na kanisa lisilo na mlango, kuku wanaingia na kutoka. Ubaldo akafunga kitabu cha ibada kwenye keria, akapanda baiskeli. Alipokuwa anakata kona alimsikia mkewe akiitikia, "Amina," kisha kimya, kisha, "Amina," tena. Hakugeuka. Kule barabarani watu walikuwa wanamngoja aje aanzishe ibada.