Joanitha Hatangulii Kutafuna

Pale Izimbya ilijulikana kwamba ukitaka kugombana na Joanitha, mke wa Datius, uende umeshiba. Jibu lake lilikufikia kabla hujamaliza kusema lako. Mwenye duka mmoja wa Miembeni aliwahi kumlalamikia kuwa kahawa yake ya kutafuna inanuka moshi. Joanitha akamtazama kuanzia viatuni. "Moshi huo huo ndio unaowavuta wateja wako, baba. Sabuni unazouza wanaziacha hapo hapo." Yule bwana akacheka, akachukua mzigo wote.

Kahawa ile ilikuwa kazi yake na jina lake. Alijifunza kwa mama yake, kwao Ngenge, huko Muleba: kuchuma buni kabla hazijawiva sana, kuzichemsha na majani ya kunukia, kuzianika, kisha kuzifunga kwenye vifurushi vidogo vya maganda ya mgomba. Kila alfajiri alionja ya jana kabla ya kuiuza. Na mgeni aliyeingia nyumbani mwake, awe padri au mdai, alipewa akamwani, yaani kahawa hiyo ya kutafuna. Joanitha alitangulia kutafuna moja mbele yake, ili mgeni ajue hakuna kilichowekwa humo. Hiyo ndiyo adabu, na mwenye nyumba asiyetangulia hujitangaza mwenyewe kuwa mchawi.

Basi siku alipoanza kuugua, kilichomshtua si uchovu. Mwanamke gani wa kijijini hachoki? Kilichomshtua ni jibu kuchelewa.

Mama mkwe wake, Anatolia, alikuja akakuta jua limepanda na Joanitha bado yuko kitandani. Akasimama mlangoni na fimbo yake. "Mke gani huyu analala kama chatu?"

Joanitha akafungua mdomo, hakikutoka kitu. Alitafuta jibu mchana kutwa kama anayetafuta sindano kwenye nyasi, asilipate. Mambo mengine yakafuata. Akawa anavaa sweta saa saba mchana. Uso ukavimba, nywele zikabaki kwenye kitana, sauti ikawa nzito kama ya mzee aliyeamka na mafua. Buni zikaungua jikoni naye amekaa pembeni yake, macho wazi. Jirani mmoja akasema amelogwa. Mwingine akasema ni uvivu wa mtu aliyeshapata hela.

Hospitali mjini walipima damu wakasema tezi ya shingo imelala. Wakampa vidonge, kimoja kila asubuhi, maisha yake yote. Joanitha akashukuru, akameza bila kukosa. Aliporudi kupimwa, kipimo kilikuwa juu vile vile. Wakaongeza dozi. Akarudi tena, hola. Wakaongeza tena, na mhudumu akamwangalia juu ya miwani.

"Mama, dawa humezi."

"Nameza."

"Karatasi inasema humezi."

Datius alikuwa naye, akasikia yote. Walipofika nyumbani akauliza, taratibu, kama mtu anayekanyaga utelezi, "Lakini kweli unameza?"

"Si unaniona kila siku?"

"Nakuona unatoa kwenye pakiti. Kumeza kwenyewe huwa nimeshatoka."

Jambo hilo likamfikia Anatolia kabla ya jioni, na Anatolia hakuwa mtu wa kuzungukazunguka. Aliwaita wote wawili. "Arudi Ngenge kwa ndugu zake, apumzike. Akipona si atarudi? Kibanja na migomba yake hakiwezi kumngoja mtu alale mpaka achoke kulala."

Kila mwanamke wa Izimbya anajua maana ya kwenda kupumzika kwenu. Unakwenda na kikapu, unarudi unakuta jiko lako lina mwenyewe. Joanitha akamtazama mumewe. Datius akakohoa. Hakusema ndiyo, hakusema hapana, alikohoa tu, na kikohozi kile kilimuuma mkewe kuliko fimbo. Wakakubaliana hivi: aende kupimwa mara moja zaidi, na kipimo kisiposhuka, safari ya Ngenge.

Siku hiyo akamkuta daktari mgeni, binti mwembamba aitwaye Nuriat. Walipoulizana kwao, akasema ni wa Muleba. Joanitha akajisikia yuko na mtu wa nyumbani. Kwa kuwa alikuwa na hofu, mikono ikafanya inachokijua: ikaingia mkobani, ikatoa kifurushi, ikakifungua mezani. Akatafuna moja, akamsogezea daktari.

"Karibu, waitu, mtu wa kwetu. Ni mkono wangu mwenyewe."

Nuriat akapokea kwa mikono miwili, lakini hakutafuna. Alikuwa anamtazama Joanitha mdomoni.

"Mama, hii unatafuna saa ngapi?"

"Hata sasa."

"Asubuhi je?"

"Mhaya gani anaamka asitafune? Na mimi ndiye ninayeionja kabla ya kuuza."

"Na kidonge?"

"Kidonge nameza kwanza. Halafu natafuna papo hapo, ule uchungu utoke."

Daktari akaweka kalamu chini. "Basi humezi dawa, Mama. Unaipitisha tu. Kahawa inaikamata tumboni, na inayobaki kuingia kwenye damu ni kidogo."

Joanitha alitaka kulia, akaona aibu. "Sasa ninyi mnajuaje ndani ya damu yangu kilichoingia?"

"Hatupimi dawa. Tunapima kelele." Nuriat akagusa shingo yake mwenyewe. "Hapa kuna tezi. Inatoa homoni inayoupa mwili joto na nguvu na akili ya haraka. Haijiamulii kazi. Chini ya ubongo kuna tezi nyingine ndogo, kama punje ya harage, inayoonja damu ikipita. Ikikuta homoni pungufu inapiga kelele kwenye damu: ongeza. Ikikuta inatosha, inanyamaza. Na hiyo ya kichwani nayo ina mkubwa wake ndani ya ubongo, anayeisukuma."

Joanitha akafikiri. Akili ilikwenda polepole, lakini ilikwenda.

"Ni nyumbani kwangu," akasema. "Mama mkwe anamsukuma mume. Mume anakuja kunifokea mimi nilete ndizi. Zikishaiva mezani, wote wawili wanatulia."

Daktari akacheka mpaka akafunika mdomo. "Hivyo hivyo."

"Na mke akiwa mgonjwa?"

"Wanazidi kufoka."

"Na kufoka hakuivishi ndizi."

"Hakuivishi. Kwako wewe, askari wa mwili wako wenyewe wameidhania tezi ni adui, wameipiga mpaka imechoka. Kidonge ni ndizi zilizoivia kwa jirani. Zikifika mezani, wakubwa wanatulia, na sisi tukipima tunakuta kimya. Kwako tumekuta kelele kubwa, wenzangu wakadhani hujaleta chakula."

"Kumbe nilileta, mbwa akala mlangoni."

"Mbwa ni kahawa yako."

"Usimseme vibaya, daktari. Ndiye anayenilisha."

Nuriat hakumwambia aache. Alimwambia ameze kwa maji matupu jogoo wa kwanza akiwika, kisha akae saa nzima bila kahawa, bila chai, bila chakula. Akaipunguza na dozi, maana ile iliyopandishwa mara mbili ingefika yote kwa mkupuo, moyo ungekwenda mbio na mikono ingetetemeka. Arudi baada ya wiki sita, kwa kuwa kichwa hakinyamazi kwa siku moja.

Kumeza ni rahisi. Kazi ilikuwa saa ile moja.

Siku za mwanzo tu, Anatolia akabisha hodi alfajiri, amekuja kuona kama kikapu cha Ngenge kimefungwa, maana kipimo hakikuwa kimeshuka. Joanitha alikuwa ndiyo kwanza amemeza. Akapiga magoti, akamsalimu, akamwekea akamwani kwenye kisahani. Mkono wake haukutangulia.

Anatolia akangoja. Akatazama kisahani, akamtazama mkwewe.

"Hutafuni?"

"Sitafuni saa hii, Mama. Dawa inapita."

"Miaka yote hii umenitangulia. Leo unataka nitangulie mimi." Sauti yake ilikuwa ya chini, na hiyo ndiyo mbaya zaidi. Akamgeukia mwanawe, aliyekuwa bado amekaa pembeni. "Datius, unaona ninachopewa?"

Ingekuwa rahisi kutafuna moja. Moja tu, mzee aridhike. Joanitha alijua pia kwamba asubuhi ya moja ina asubuhi nyingine nyuma yake, na mwisho wa hizo asubuhi ni Ngenge. Akaiweka mikono mapajani, akaiacha huko.

Datius akakohoa. Joanitha akainamisha kichwa, akijua kikohozi kile. Kisha akasikia ganda likipasuka. Mumewe alikuwa ameinama juu ya kisahani, anatafuna, ametoa macho kwa uchungu kwa sababu mwenyewe hapendi kahawa, na kila mtu ukooni anajua hapendi.

"Nimetangulia mimi, Mama," akasema. "Nyumba ni moja."

Anatolia akachukua moja. Hakusema asante. Alitafuna taratibu, akatema ganda, akaondoka na fimbo yake.

Wiki zilipotimia, Datius ndiye aliyesoma karatasi ya kipimo barabarani, akaisoma tena, akaikunja na kuitia mfuko wa shati kama kadi ya ubatizo. Kelele ilikuwa imeshuka karibu na mahali pake. Kahawa ya Joanitha ilijaa tena madukani Miembeni. Sweta likarudi sandukuni.

Anatolia akaja tena, safari hii jua limechomoza vizuri. Akamkuta mkwewe uani akianika buni, miguu peku, jasho usoni. Akasimama.

"Naona mtu ameamka. Siku zile ulilala kama chatu."

"Chatu hulala akishameza, Mama," akajibu Joanitha, mikono ikiendelea kutandaza. "Na mimi mlisema simezi."

Ndani ya nyumba Datius akakohoa. Safari hii alikuwa anazuia kicheko, na mama yake alikuwa ameshashindwa kuzuia chake.