Kikohozi cha Baba Mkwe

Nakumbuka siku moja enzi za Mdachi, mwanangu, nilipofunga nguo zangu ili niache ndoa nirudi kwetu Mwaya. Nilikuwa mkamwana mpya, nimetoka darasa la misheni juzi tu, na kichwa changu hakikujua kutulia. Jambo dogo nililigeuzageuza kama ndizi motoni mpaka likaungua.

Zamani zile mkamwana hakumtazama baba mkwe wala kukutana naye njiani. Akimsikia anakuja, alijitosa migombani. Basi uso wake sikuujua. Nilijua kikohozi chake, kikavu, kikali, kila nikienda mtoni. Asubuhi moja nilikisikia nikakimbia, mtungi wangu wa kununua soko la Lyulilo ukapasuka, nikamsikia akifoka. Tangu hapo nikasema ananichukia. Aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka.

Mama mkwe akaukuta mzigo wangu mlangoni.

“Nani kakufukuza?”

“Baba. Alinitukana mtungi ulipovunjika.”

Akacheka mpaka akashika kiuno. “Alimfokea mbwa aliyekurukia! Nilikuwa nyuma yako na kuni. Haya, alikutukana tusi gani?”

Mbwa! Nilikuwa nimemsahau kabisa. Nikatafuta tusi hata moja, sikulipata.

“Na kukohoa je, mama?”

“We naye! Kifua chake kizima. Anakohoa angali mbali ili ujifiche polepole, usivunje mtungi mwingine. Lakini mimi nampenda yule mzee, huenda nami nakumbuka mazuri tu. Nenda mtoni kesho ukajionee mwenyewe.”

Nikaenda. Kikohozi kikasikika mbali, ng'ambo ya migomba. Nikainamisha macho, nikaona miguu yake tu: iliacha njia, ikaingia kwenye tope, ili pakavu pabaki pangu.

Nilirudi nikafungua mzigo. Baba yako alizaliwa nyumba ile ile.

Kuuliza si ujinga, mwanangu. Ukimkumbuka mtu kwa ubaya, mtafute aliyekuwapo siku hiyo, umuulize. Naye usimwamini yeye peke yake. Kamtazame mtu mwenyewe, maadamu yu hai. Hata haya ninayokusimulia, pengine tope lilikuwa dogo kuliko ninavyolikumbuka. Ila miguu ile niliiona.

Mungu akujalie watu wa kukupisha pakavu, na macho ya kuwaona. Ndaga, asante kwa kunisikiliza, mwanangu. Nenda salama.