Chai ya Kamomili Niliyompa Mama Mkwe

Hadi leo sijathubutu kumtazama mama mkwe machoni. Hapa mtaani Jericho nimepanda kamomili kwenye ndoo mlangoni, naimwagilia kila asubuhi. Jumamosi, mama mkwe alifika kutoka Busia akiwa hajapata usingizi safari nzima. Nikachuma maua, nikampikia chai. Alikunywa vikombe viwili, akalala kwenye kochi.

Nilipotoka kuanika nguo, jirani yangu Halima akaniambia, "Maua yako yalikuwa na wadudu. Jana niliyanyunyizia dawa."

Sikungoja amalize. Nilikimbia ndani. Mama mkwe alikuwa amelala mdomo wazi. Nikamwita, nikamtikisa, hakuitika. Nikapiga nduru. Wanaume wanne wa jirani wakamfunga kwenye blanketi, wakambeba kuelekea hospitali, mimi nyuma nikilia kwamba nimemuua mama wa watu.

Tulipofika langoni akafumbua macho. "Mnanipeleka wapi bila viatu?"

Halima akatufikia akihema, akaniambia, "Si ungenisikiliza, Mama Taji. Dawa yenyewe ni maji ya sabuni, tena kidogo."

Mama mkwe akanigeukia mbele ya majirani wote. "Kwa hivyo ni wewe unayetangaza kwamba umeniua?"