Kilio cha Mazoezi

Miaka yote niliyoandika ukurasa wa sanaa kwenye gazeti letu hapa Mbeya, nilikuwa na tabia moja ninayoionea aibu: nilihakiki maigizo kwa kutazama mazoezi. Gazeti lilitoka Jumamosi, maigizo ya kanisani yalichezwa Jumapili, na mhariri hakutaka habari iliyolala. Basi nilikwenda Alhamisi, nikakaa nyuma ya ukumbi na daftari langu, nikajiona bingwa.

Ndivyo nilivyokwenda Iringa, kwenye ukumbi wa kanisa pale Mlandege. Mama yangu ndiye aliyenituma. Jirani yake wa Kilolo, mkulima wa viazi aliyeimba naye kwaya, alikuwa ameamua kuigiza kwa mara ya kwanza uzeeni, nafasi ya mama aliyefiwa na mwanawe. "Ukamwandike vizuri," mama aliniambia. "Wiki nzima hajalala kwa furaha."

Ilipofika sehemu ya kilio, yule mama alisimama tu, akasema kwa sauti ya kawaida, "Hapa nalia," akaendelea. Nikaandika kwamba mwigizaji huyu hajui kulia, abaki kwenye kwaya. Niliisoma sentensi hiyo mara mbili, nikacheka peke yangu.

Jamani, mimi ni Mhehe. Nyumbani kwetu mtoto akilia kilio cha msiba kwa mchezo alichapwa, maana anaita kifo. Yule mama hakutaka kulia ovyo mazoezini. Kilio chake alikiweka kwa ajili ya Jumapili. Haya nilikuwa nayajua tangu utotoni, nikaketi na daftari nikayasahau, mjinga mimi.

Jumamosi gazeti likafika. Jumapili yule mama hakutokea ukumbini. Mwalimu wa kwaya alisoma maneno yake kwenye karatasi. Hakuigiza tena. Mama yangu akanipigia simu: "Kamwombe radhi, na uandike kwenye gazeti hilohilo." Nikasema sawa, mama. Kila likizo aliniuliza, na kila likizo nilisema kazi zimenibana. Uongo mtupu. Niliona haya tu. Ikapita miaka sita.

Juni iliyopita mama alifariki. Asubuhi ya mazishi tulikuwa tumekaa uani na baridi ile, tukasikia kilio kikija kutoka barabarani. Kilipanda polepole, kikamwita mama kwa jina lake la usichana, kikamuuliza ataimba na nani sasa. Wanawake wote ndani wakaitikia. Nimekaa kwenye kumbi nyingi, sijawahi kusikia kitu kama kile. Alikuwa yeye.

Tulipotoka makaburini nilimpelekea maji ya kunawa. "Mama, yale niliyoandika..."

"Nimekuja kumlilia mama yako," alisema, akinawa taratibu. "Kila Jumamosi alinunua gazeti lako akaja nalo kwangu, tukafungua ukurasa wako pamoja. Akawa ananiambia, labda wiki ijayo."

Wiki hiyo niliandika kuomba radhi. Jumamosi gazeti likafika Kilolo, na hakukuwa na mtu wa kumpelekea yule mama.