Alikotembea Mume Wangu

Mume wangu alikatwa mguu wa kushoto baada ya shimo alilokuwa akichimba dhahabu kumporomokea kule Osiri. Alipotoka hospitali tulirudi nyumbani Sindo, nikawa nauza omena, wale dagaa wa ziwani, huku namuuguza. Wifi yangu, dada yake anayefanya kazi Nairobi, alimletea miwani kubwa nyeusi ya kufunika macho yote. Ndani yake kuna picha zinazokuzunguka pande zote, na ukiivaa unajiona uko mahali pengine kabisa. Alisema itampunguzia mawazo.

Na kweli ilimpunguzia. Mwanzoni nilimsikia akicheka, nikashukuru. Aliniambia huko ndani ana miguu miwili, anapanda milima, ana marafiki wasiojua chochote kuhusu shimo.

Baadaye aliacha kwenda hospitali ya Homa Bay kufanya mazoezi ya mguu wa bandia. Chakula nilichompakulia kilipoa. Akivua miwani aliitazama mikono yake, kisha ukuta, kisha mimi, kama mtu aliyeshushwa kituo kisicho chake.

"Baba watoto, kuna nini?"

"Hapa ndipo ninapopaona kama ndoto," alisema. "Hata wewe."

Nilikuwa ziwani tangu alfajiri nikingoja samaki, nilitaka tu kukaa.

Mchana mmoja nilirudi kutoka sokoni nikamkuta sakafuni, damu ikimtoka kwenye paji la uso.

"Nilivua miwani nikasimama niende mlangoni," alisema. "Nikasahau mguu haupo."

Nilipoinama kumwinua, aliusogeza mkono wangu kando, akauliza kama miwani imevunjika. Niliketi sakafuni kando yake mpaka watoto walipotoka shule.

Nilimpigia wifi simu, akaja mwenyewe kuichukua ile miwani. Mume wangu alininunia. Hakuoga, hakulala, alisema nimemfungia nje ya maisha yake. Mshauri wa hospitali alituambia hali hiyo hutibika, ila polepole, na kwamba kumgombeza hakutasaidia. Hata hivyo sikuwa na sauti ya kugombeza.

Siku hizi tunakwenda Homa Bay pamoja. Anatembea akishikilia vyuma viwili, anarudi amelowa jasho. Bado kuna asubuhi ananiuliza kama dada yake amepiga simu, nami najua anaulizia nini. Namwambia bado. Namfunga mikanda ya mguu, maana mwenyewe huilegeza, kisha naenda sokoni nikiwa nimeshachelewa.