Jani la Isale Mbele ya Kamera

Niliigiza jukwaani miaka kumi, nikaonekana kwenye filamu mbili, halafu mimi niliyeishia darasa la nne nikajifanya mtengeneza filamu. Aliyeniponza ni Elinami, mpiga picha wangu.

Tulikuwa kwetu Mwika, tukipiga filamu ya mwizi anayetubu. Mwigizaji wa mwizi akaugua. Elinami akasema, "Kaka, cheza wewe. Aliyeibiwa acheze Mzee Ndetaulwa, ana sura ya kuonewa."

Mzee huyo ni jirani yangu. Mwaka mzima nilimwapia balozi wa nyumba kumi kwamba mpaka wa kihamba cha mzee, shamba lake la kahawa na migomba, sijaugusa.

Kijiji kizima kilikuja kutazama. Nikapiga magoti, nikamnyooshea mzee jani la isale. Kwetu ukitoa jani hilo umekiri kosa, na anayepewa hakatai kusamehe.

Akalipokea. "Nimekusamehe, mwanangu. Sasa waambie watu, mpaka wangu uliusogeza?"

Maneno hayo sikuyaandika mimi! Lakini machozi ya kuigiza yalishageuka ya kweli.

"Niliusogeza, baba. Safu mbili za kahawa."

Watu wote wakamgeukia balozi. Elinami peke yake akashangilia: "Safi, kaka! Imeingia yote, na sauti!"