Kitabu cha Nyuki Kilichonitetea

Mimi ni mtu wa nyumbani. Wenzangu wakiamka huulizana waende wapi. Mimi naamka nikijiuliza kwa nini mtu aende popote. Nilipomaliza kidato cha nne, na matokeo yakatoka kwa namna nisiyopenda kuieleza, nilihamia kwa bibi hapa Tabora mjini, nikakaa. Shangazi, binti yake, ndiye aliyeiendesha nyumba ile. Alinivumilia miezi miwili. Wa tatu akaanza kuitaja mizinga.

Babu alikuwa mfuga nyuki. Alipofariki aliacha mizinga ya magome ikining'inia porini huko Kigwa, na kitabu kimoja kisicho na jalada. Shangazi alitaka nirithi mizinga. Mimi nikarithi kitabu.

Macho ya bibi yalikuwa yameingia ukungu wa mtoto wa jicho. Alikaa barazani kutwa akimumunya michembe, viazi vitamu vilivyokatwa na kukaushwa, na mimi nikajitolea kumsomea. Kazi safi, ya kivulini. Tatizo ni kwamba kitabu chenyewe kilikuwa nyuki mwanzo mwisho: vipimo vya mzinga, namna ya kufukiza moshi. Ukurasa wa nne nilisinzia. Wa tano nikaanza kukisaidia. Nikasoma kwamba zamani msafara wa pembe ulipita Kigwa kuelekea pwani, na mpagazi mmoja akatua mzigo wake akasema, "Mimi naishia hapa." Akaishi miaka mingi kuliko wenzake wote.

"Kinasema hivyo?" bibi akauliza.

"Hivyo hivyo, mke wangu." Kwetu bibi na mjukuu wa kiume ni mtu na mumewe, ndio utani wetu.

"Mbona marehemu hakikumwambia hayo?"

"Hiki kina uchawi wake, bibi. Kila msomaji kinamwandikia yake."

Basi kitabu kikapata uhuru. Jirani akija kuomba chumvi na kukaa mpaka magharibi, kinafunguka penye wageni wasioaga. Shangazi akipita na fagio, kinalaani wanawake wanaowatuma vijana porini.

"Kimenitaja na jina?" shangazi aliuliza siku moja.

"Bado, shangazi. Kinakuja huko."

Alisonya, akafagia mpaka chini ya miguu yangu.

Kisha akaleta habari: madaktari wa macho wanakuja hospitali, bibi atafanyiwa upasuaji. "Akishaona," akaniambia, "usomaji wako umekwisha. Nauli ya Kigwa natoa mimi."

Kesho yake nilifanya jambo ambalo mpaka leo nikilikumbuka natazama chini. Nilifungua kitabu nikasoma kwamba jicho la mtu mzima lisiguswe na chuma. Ukungu ule ni pazia la heshima, tena wenye nalo huona mbali.

Bibi akaacha kumumunya. "Rudia hapo."

Nikarudia.

"Ukurasa wa ngapi huo?"

"Thelathini na mbili."

"Haya." Akageuza uso ndani. "Mwanangu! Hiyo hospitali ni lini?"

Siku aliporudi na bandeji imetolewa, alinitazama juu mpaka chini. "Kumbe mume wangu mwembamba hivi? Lete kitabu."

Nikakileta kama mtu anayepeleka fimbo atakayochapiwa. Akafunua ukurasa wa thelathini na mbili, akausogeza mbali, akaurudisha karibu, kidole kikaanza kutembea. "Moshi wa kufukizia uwe mwepesi," akasoma, "usije ukaua nyuki."

Maisha yangu yote sikuwahi kumuuliza kama anajua kusoma. Nilimwona bibi, nikajijibu mwenyewe.

"Nilisoma kisomo cha watu wazima, daftari chini ya kanga," akasema. "Babu yako aligoma kujifunza. Alisema nyuki hawajasoma na wanatengeneza asali. Kitabu hiki nilimsomea mimi, miaka yote."

"Kwa hiyo ulijua?"

"Siku ya kwanza. Yule mpagazi nilimpenda sana. Lakini ulipogusa macho yangu nikasema, huyu anaogopa nyuki kuliko anavyonipenda."

"Nisamehe, bibi."

"Tulia, sijamaliza." Akafunua kwingine, akasoma kwa sauti ileile: "Mfuga nyuki akisharina asali, kabla hajailamba, amletee mkewe doti ya kanga mpya."

Shangazi akaangua kicheko mlangoni. "Hiyo baba aliitii mpaka anakufa! Sanduku zima limejaa!"

Nikachungulia. Palikuwa na mchoro wa mzinga na vipimo vyake, basi.

"Kila msomaji kinamwandikia yake," bibi akasema. "Si maneno yako? Hapa chini kinasema mjukuu aende Kigwa Jumamosi."

Nikaenda. Nyuki walinipokea kama mtu waliyekuwa wakimsubiri siku nyingi. Nilirudi na ndoo ya asali, doti ya kanga kwapani, na mdomo uliovimba nisiweze hata kusema shikamoo, achilia mbali kusoma.

Wiki nzima bibi alinisomea yeye. Jioni ya kwanza shangazi alipoleta mchuzi wa kuku, bibi alifungua kitabu, akakunja uso, akatikisa kichwa kwa huruma.

"Mume wangu, pole. Hapa kinasema aliyeumwa na nyuki anywe uji tu."

Paja akajitwalia yeye. Firigisi akampa shangazi.